TAFAKURI YA SIKU YA 12 RAMADHANI: Jasho la Wawili, Jina la Mmoja



Ndugu zangu, mama zangu, dada zangu wa Mishamo, kuanzia Bulamata hadi Ilangu, na nyote mnaotufuata mkiwa Mpanda, Kigoma na kwingineko. Tunamshukuru Allah aliyetufikisha siku ya leo tukiwa hai na tumefunga. Jana tulizungumzia kufunga kwa ulimi. Leo tunaingia mfukoni. Najua mfuko unauma kuliko ulimi, kwa hiyo naomba usome mpaka mwisho kabla hujakasirika.

Naanza na kosa langu mwenyewe.

Mwaka jana, wiki chache baada ya masoko ya tumbaku, mama mmoja alinisubiri nje ya msikiti baada ya Alasiri. Hakutaka talaka, wala hakutaka nimwite mumewe. Alikuwa na swali moja tu. Akasema: "Ustadhi, nimemwagilia kitalu, nimepandikiza, nimepalilia, nimechuma, nimepanga madaraja mpaka macho yakauma. Pesa imeingia, nimesikia kwa jirani. Jana nimeomba elfu mbili ya mashine, nikaambiwa nisimmalizie hela zake. Naomba kuuliza, mimi ni mke au ni kibarua?"

Unajua nilimjibu nini? Nilimwambia, "Subiri mama, Allah yuko pamoja na wenye kusubiri." Akaitikia, akavuta mtandio wake, akaondoka.

Maneno yale ni ya kweli, lakini niliyatumia kufunga mlango. Usiku ule usingizi ulinigomea. Nikajiuliza, hivi kibarua angeniuliza swali lile ningemjibu hivyo? Kibarua ningemuuliza mlipatana kiasi gani, kisha ningekwenda kwa tajiri wake kumkumbusha kwamba Mtume (s.a.w.) ametufundisha kumlipa mfanyakazi ujira wake kabla jasho lake halijakauka. Kwa hiyo yule mama nilimweka chini hata ya kibarua. Allah anisamehe. Tafakuri hii ni jibu nililopaswa kumpa siku ile. (Nimebadilisha mambo kidogo asijulikane. Ukiona anafanana na jirani yako, ni kwa sababu wako wengi.)

*Hali yetu ilivyo*

Mishamo hii ilifunguliwa mwaka 1978 kwa ajili ya ndugu zetu waliokimbia Burundi mwaka 1972. Wazee wanatusimulia: lilikuwa pori. Mume alishika panga, mke akashika jembe, watoto wakafukuza nyani. Hakuna aliyekuwa na mshahara. Aliyekuwa na njaa walikuwa nayo wote, na akiba ya muhogo iliyokuwepo ilikuwa ya wote.

Siku hizi kuna tumbaku. (Hukumu ya tumbaku yenyewe tutaizungumza siku yake, leo siigusi. Ninayosema yanahusu pia mahindi, mpunga na maharage.) Kazi ya tumbaku inafanywa na nyumba nzima. Ramadhani za miaka hii zimeangukia wakati wa kuchuma na kukausha, kwa hiyo mnajua ninachosema. Mwanaume halali, anachochea moto wa bani usiku kucha, na kuni alizikata yeye. Hilo tusilidharau. Lakini mwanamke naye mchana amechuma, amefunga majani kwenye fito, jioni amepika futari, na saa tisa usiku yuko jikoni anaandaa daku.

Sasa tazama mwisho wake. Kwenye chama cha msingi, mwanachama mara nyingi ni mmoja. Mbolea ya mkopo imeandikwa jina moja. Akaunti ya benki ni ya jina lile lile. Malipo yakitoka, makato yakishakatwa, pesa inamkuta mtu mmoja. Walioinama shambani walikuwa wawili au zaidi, anayesimama dirishani ni mmoja.

Jina moja kwenye karatasi si dhambi. Lazima mtu aandikwe. Dhambi inaanza pale mwenye jina anapodhani kwamba jina limemfanya mwenye mali. Hapo ndipo mke anakuwa mtu wa kuomba. Na mtu anayeombwa kila siku, asipomwogopa Allah, huanza kuonja utamu wa kuombwa. Leo anatoa kwa sababu mke amenyenyekea, kesho anabana kwa sababu mke ameuliza swali. Pesa ya unga inageuka fimbo.

*Chakula cha mke ni haki yake*

Watu wengi tunaijua Suratun-Nisaa aya ya 34, kwamba wanaume ni wasimamizi wa wanawake. Tunaitaja kwenye kila ugomvi. Lakini aya hiyo hiyo inataja kwamba usimamizi huo umefungamana na mali ambayo wanaume wanaitoa. Wanaitoa, ndugu yangu. Haikusema mali wanayoificha. Msimamizi ni mtu aliyekabidhiwa mzigo. Ukiutua mzigo, using'ang'anie cheo.

Sasa sikia wanazuoni wa madhehebu yetu ya Imam Shafi'i walivyolipanga jambo hili. Kwenye Minhaj ya Imam Nawawi, kitabu ambacho masheikh wetu wa pwani wamekisomesha vizazi na vizazi, chakula cha mke kimepimwa kwa kibaba cha zamani kinachoitwa mudi, nacho ni kiasi kama cha viganja viwili vikiunganishwa. Mume mwenye uwezo anatoa mudi mbili kwa siku, wa kati moja na nusu, mwenye dhiki moja. Juu ya hapo, gharama ya kusaga na kupika nafaka hiyo ni ya mume.

Umeona? Gharama ya kusaga ipo kwenye fiqhi. Yule mama aliyeomba elfu mbili ya mashine alikuwa anadai kitu ambacho wanazuoni wamekiandika kuwa wajibu wa mume.

Na kuna zaidi. Katika madhehebu yetu, matumizi ya mke ambayo mume hakuyatoa hali ya kuwa yanamwajibikia hayafutiki kwa kupita siku. Yanabaki kuwa deni shingoni mwake. Kwa hiyo unaponyima pesa ya chakula ili kumkomoa mke, jua unajiandikia deni, na utakutana nalo siku ambayo hakuna shilingi.

Hind bint Utba (r.a.) alikwenda kwa Mtume (s.a.w.) akamshitakia kwamba mumewe Abu Sufyan ni bahili, hampi cha kumtosha yeye na watoto. Mtume hakumwambia akasubiri. Alimruhusu achukue katika mali ya mumewe kiasi cha kuwatosha yeye na watoto wake kwa wema, bila kupitiliza. Hadithi hii iko kwa Bukhari na Muslim. Nilikuwa naijua siku ile mama aliponiuliza. Kuijua na kuisema ni vitu viwili.

Na mume mwenye dhiki ya kweli? Huyo Suratut-Talaq aya ya 7 imemfariji: kila mtu atoe kwa kadiri alichojaaliwa, na Allah hamkalifishi mtu zaidi ya alichompa. Mke wa mume masikini anayemwambia ukweli hana shida na elfu mbili. Watu wanavumilia umasikini. Kinachowashinda ni kufichwa.

*Kazi yake ya shamba nayo ni mali*

Suratun-Nisaa aya ya 32 inasema wanaume wana fungu katika walichokichuma, na wanawake wana fungu katika walichokichuma. Mafungu ni mawili, moja halikumezwa na lingine.

Na hapa wengi tunashituka: wanazuoni wa Kishafi'i hawakuihesabu kazi ya jembe, wala ya kupika na kufua, kuwa wajibu wa kisheria unaotokana na ndoa. Wapo wanazuoni wengine waliosema kazi za nyumbani zinamlazimu mke kwa kufuata desturi. Lakini kulima heka za tumbaku ili mume apeleke sokoni, sijaona wa kuniambia kwamba ndoa pekee inamlazimisha.

Basi mke anapoingia shambani kuna milango mitatu. Ametoa zawadi kwa moyo wake, au mmepatana ujira, au ninyi ni washirika mtakaogawana. Utasema, "Ustadhi, hatukupatana chochote." Ni kweli wapo wanafiqhi wanaosema aliyefanya kazi bila kutaja malipo amejitolea. Lakini usijifiche hapo, kwa sababu kujitolea kuna sharti moja, nalo ni ridhaa. Mtume (s.a.w.) ametufundisha kwamba mali ya mtu haiwi halali kwa mwingine ila kwa ridhaa ya nafsi yake. Mke anayelima kwa kuogopa kutukanwa au kuletewa mke mwenza hajaridhia.

Asmaa binti Abubakar (r.a.) alikuwa akibeba kokwa za tende kichwani kutoka kwenye shamba la mumewe Zubair, mwendo mrefu kwa miguu. Siku moja Mtume (s.a.w.) alikutana naye njiani, akamsimamishia ngamia ampandishe. Asmaa aliona haya kwa sababu ya wanaume waliokuwepo, na akakumbuka wivu wa mumewe. Alipomsimulia Zubair, Zubair alimwambia kwamba kumuona akibeba mzigo ule kunamuuma zaidi kuliko kama angepanda ngamia. Mzigo wa mke ulimuuma mume. Jiulize leo, mke akipita na mzigo wa kuni kichwani na wewe umekaa kijiweni, kuna kinachokuuma?

Karne ya 16, huko Morocco, kadhi wa Chefchaouen aitwaye Ahmad Ibn Ardun aliulizwa kuhusu wanawake wa mashambani wanaovuna na kubeba pamoja na waume zao, kisha ndoa ikaisha. Alifutu kwamba wana fungu katika mavuno kwa sababu ya kazi yao. Si wanazuoni wote waliomfuata. Ila hakusema ameanzisha dini mpya. Aliangalia mikono ya wanawake wa eneo lake, akaona kazi.

Hapa kwetu Tanzania mnaikumbuka kesi ya Bi Hawa Mohamed na mumewe Ally Sefu, Waislamu kama sisi. Mahakama za chini zilimkatalia fungu katika nyumba, kwa kuwa yeye alikuwa mke tu na nyumba ilinunuliwa kwa pesa za mume. Mwaka 1983 Mahakama ya Rufani, chini ya Jaji Mkuu Francis Nyalali, ilisema kazi za nyumbani za mke zinahesabiwa kuwa mchango katika mali ya ndoa, kwa kufuata kifungu cha 114 cha Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971. Lakini wanaoisimulia kesi hii huishia hapo. Bi Hawa mwenyewe hakupata alichokiomba, kwa sababu mumewe alikuwa amempa fedha za kuendeshea biashara ya familia na yeye akazitapanya. Kwa hiyo kesi moja imetufundisha mara mbili: kazi ya mke ina thamani, na pesa aliyoshikishwa mke nayo ni amana.

*Na mke akiwa ndiye mwenye kipato?*

Dada zangu, msidhani leo ni siku ya wanaume peke yao.

Tuna walimu, wauguzi, mama ntilie, wauza vitenge, ambao kwa mwezi wanaingiza kuliko waume zao. Sheria ya dini iko wazi: mshahara wako ni wako. Mume hana haki ya kukunyang'anya kadi ya benki wala namba ya siri ya simu. Hata mahari, Suratun-Nisaa aya ya 4 inasema mume atakula humo iwapo tu mke ameridhia mwenyewe. Na kipato chako hakimwondolei mume wajibu wake wa kutunza nyumba.

Lakini kilicho chako usikigeuze fimbo wewe pia. Kumwambia mume mbele ya watoto kwamba "nyumba hii naiendesha mimi" ni dhuluma ile ile, imebadilisha mkono tu. Zainab, mke wa Abdallah bin Mas'ud (r.a.), alikuwa na uwezo kuliko mumewe. Alipouliza kama sadaka yake kwa mumewe na mayatima anaowalea inafaa, akaambiwa ana malipo mawili, ya ujamaa na ya sadaka. Na mama yetu Khadija (r.a.) alikuwa ndiye mwenye mtaji. Mtume (s.a.w.) alisafiri na bidhaa zake kabla hajamuoa. Hatujasikia kwamba alimsimanga kwa mali yake, wala kwamba Mtume aliona haya kwa kuwa na mke tajiri. Alimkumbuka kwa shukrani mpaka mwisho wa maisha yake.

Na hili la vikundi vya mikopo lazima niliseme. Mke anakopa kwa jina lake, hata zile za kausha damu, mume anachukua pesa, na siku ya marejesho anayefuatwa na kudhalilishwa ni mke. Tena mkopo wenye riba dhambi yake tunaijua. Mume, ulichochukua kwa mkeo ni deni. Suratul-Baqara aya ya 282 imetuamuru kuandika madeni, na haikusema isipokuwa ya mke.

*"Haya ni mambo ya Beijing"*

Najua kuna ndugu anasema sasa hivi, "Ustadhi naye ameingia mambo ya Beijing." Ndugu yangu, mkutano wa Beijing ulikuwa mwaka 1995. Imam Nawawi, aliyeandika kuhusu gharama ya kusaga nafaka ya mke, alifariki mwaka 1277. Tofauti ni zaidi ya miaka 700. Haya ni ya kwetu. Tuliyaacha kabatini.

Mwingine anasema, "Nikimwambia mke kiasi nilichopata atanipanda kichwani." Angalia Suratul-Baqara aya ya 233. Allah anazungumzia kumwachisha mtoto kunyonya, na hata hilo amelifungamanisha na kuridhiana na kushauriana baina ya baba na mama. Kama ziwa la mtoto linahitaji mashauriano, vipi pesa ya msimu mzima? Uongozi wako haupungui kwa kushauriana. Unapungua siku mkeo anaposikia kwa jirani.

*Kazi ya leo*

Baada ya Tarawehe, kabla ya kulala, mume na mke wakae nusu saa. Simu pembeni.

1. Mume ataje kwa ukweli kilichopo, kinachodaiwa, na kinachotarajiwa masoko yakifunguliwa. Kama hakuna kitu, aseme hakuna.

2. Mtenge kwanza matumizi ya nyumba: unga, mashine, sabuni, ada, dawa. Akabidhiwe mke kwa wiki au kwa mwezi, asiombe kila asubuhi.

3. Kazi ya shamba ipewe jina leo. Ni zawadi, ni ujira, au ni ushirika wa mafungu? Mkikubaliana, muandike, japo kwenye daftari la mtoto. Na anayesema ni zawadi awe mke, mume asimsemee.

4. Kama kuna deni kati yenu, litajwe. Anayeweza kulipa alipe, anayetaka kusamehe asamehe kwa hiari.

5. Mke naye aseme vikundi alivyomo na madeni aliyonayo. Kufichana hakuna jinsia.

Mkishindwa kuelewana, njooni wote wawili. Safari hii sitasema "subiri" na kufunga mlango. Mama yule naye nilimfuata pamoja na mtu wake wa karibu, nikamuomba radhi. Mumewe tulizungumza naye mara tatu. Mara ya kwanza alinuna, ya pili alibisha, ya tatu aliniuliza kuhusu zile mudi mbili. Yaliyobaki ni ya nyumbani kwao.

Tunafunga chakula cha halali mchana kutwa, maji safi ya kisima tunayaacha kwa kumtii Allah. Itakuwa hasara gani mtu akiacha cha halali mchana, kisha Magharibi afuturu kwa jasho la mwenzake ambalo hakuridhia?

Ewe Mola wetu, zitie baraka riziki zetu. Tuepushe na kula haki za wake zetu na za waume zetu. Walipe waliochoka mashambani hali wamefunga. Tujaalie majumba yenye kuambizana ukweli, na utukubalie swaumu zetu. Aamin.

Kesho in shaa Allah: haki ya jirani, na moto wa kusafishia shamba unaovuka mpaka.

Ukiona lina faida, mtumie mwenzako. Na ukiwa mume, usimtumie mkeo kabla hujalifanyia kazi wewe.

Wabillahi tawfiq. Wassalaam alaykum warahmatullahi wabarakaatuh.